Kabla Hujamwita Mtoto Zuri

Jina Zuri limeanza kusikika kliniki, kwenye kadi za ubatizo na za akika, na midomoni mwa wazazi vijana wanaotafuta jina fupi ambalo nusu ya darasa haitakuwa nalo. Lina silabi mbili tu, na hakuna anayehitaji kufundishwa kulitamka. Wazazi wanalipenda pia kwa sababu wanaamini ni la kwetu. Fungua orodha yoyote ya majina ya watoto kwenye intaneti, utaambiwa: Zuri, jina la Kiswahili, maana yake mrembo. Mzazi anaweka simu chini na kumwambia mwenzake kwamba jina limepatikana.

Sina nia ya kumkataza mtu. Ni jina ninalolipenda. Ila mzazi anayempa mtoto kitu atakachokibeba hadi uzeeni anastahili kujua zaidi ya mstari mmoja wa orodha, na Zuri lina mengi ya kujua. Neno ni letu tangu zamani, lakini kama jina la mtu limezaliwa mbali na hapa, likasafiri, na sasa linarudi. Ukiijua safari hiyo utamwita mwanao kwa moyo mkunjufu zaidi, au utachagua jina jingine kwa sababu za maana.

Tuanze na neno lenyewe. Tunasema mtoto mzuri, nyumba nzuri, viatu vizuri, watu wazuri. Shina ni moja, na kila mara linavaa kichwa cha nomino linayoisifu. Mahali linapokaa bila kuongezewa kitu mbele ni kwenye maneno kama gari, jua, tunda na jina: gari zuri, jua zuri, jina zuri. Kwa hiyo mtu akisema "Zuri" peke yake, sikio la mzawa wa lugha hubaki likisubiri: zuri nini?

Majina yetu ya asili hayakuundwa hivyo. Wazee waliita watoto kwa nomino: Riziki, Zawadi, Subira, Bahati, Tumaini, Upendo. Waliita kwa siku ya kuzaliwa, Juma na Mwanajuma, Hamisi na Mwanahamisi. Waliita kwa zamu, Mosi, Pili na Tatu. Kwa saa, Chausiku. Kwa hali iliyokuwapo nyumbani, Shida, Tabu na Mashaka. Hata kwa kauli kamili kama Sikujua. Walipotaka kumtaja mtoto kwa tabia njema hawakuchukua shina la "-ema" likiwa uchi, walimwita Wema. Na walipotaka kusema mtoto huyu ni mrembo, pwani ilikuwa na akiba yake kutoka Kiarabu: Jamila, Hasina, Husna, na Zuwena, jina linalopendwa Unguja na Omani, ambalo asili yake ni neno lenye maana ya pambo na uzuri. Bibi wa Lamu, Bagamoyo au Kilwa aitwaye Zuri sijawahi kumsikia. Mjukuu wake, ndiyo.

Basi mjukuu amelipata wapi? Marekani, tena kwa watu weusi wa huko.

Katika miaka ya 1960, Wamarekani weusi walioyakataa majina waliyorithi kutoka enzi ya utumwa walikitazama Kiswahili kwa matumaini makubwa. Mababu zao wengi walichukuliwa Afrika Magharibi na Afrika ya Kati upande wa Atlantiki, wala si pwani yetu, kwa hiyo sababu haikuwa ya ukoo. Walichokiona kwetu ni lugha ya Kiafrika isiyo ya kabila moja, yenye kuzungumzwa katika nchi kadhaa, na yenye maneno uhuru, umoja na ujamaa yaliyokuwa yakitangazwa redioni ulimwenguni. Mwaka 1966 Maulana Karenga alianzisha Kwanzaa huko California, sikukuu yenye nguzo 7 zote kwa Kiswahili: Umoja, Kujichagulia, Ujima, Ujamaa, Nia, Kuumba na Imani. Mwaka huohuo tamthilia ya televisheni ya Star Trek ilimleta ofisa wa chombo cha anga, mwanamke mweusi aitwaye Uhura, jina lililotokana na uhuru kwa kubadilisha irabu ya mwisho. Mshairi aliyezaliwa akiitwa LeRoi Jones akawa Amiri Baraka. Mwaka 1971 Muriel Feelings alitoa kitabu cha kuwafundisha watoto kuhesabu kwa Kiswahili, Moja Means One, kikiwa na michoro ya Tom Feelings, na 1974 kikafuata Jambo Means Hello. Vitabu vya majina ya Kiafrika vilichapwa pia, kimojawapo kikiwa Names from Africa cha Ogonna Chuks-Orji, kilichotoka Chicago mwaka 1972.

Kutokana na wimbi hilo wasichana wengi wa Kimarekani wakaitwa Imani na Nia, majina yanayotoka moja kwa moja kwenye nguzo za Kwanzaa. Zuri halimo katika zile 7. Ni tunda la baadaye la mti huohuo: neno lililookotwa kamusini kwa sababu ya maana yake, likaachwa katika umbo la shina jinsi kamusi inavyoliandika, kisha likapewa herufi kubwa. Aliyelichagua hakuwa na sababu ya kujiuliza habari za ngeli. Alisikia neno fupi, zuri, la Kiafrika, linalotamkika kwa Kiingereza bila kuharibika. Baadaye televisheni ikalieneza. Kati ya 2011 na 2015 kipindi cha watoto cha Jessie cha Disney kilikuwa na msichana mdogo mwerevu aitwaye Zuri, aliyeasiliwa kutoka Uganda, akiigizwa na Skai Jackson. Mwaka 2018 filamu ya Black Panther ikampa jina hilo mzee wa kiume, kuhani aliyeigizwa na Forest Whitaker. Kwa Marekani leo, Zuri ni jina la kawaida la msichana. Familia inayoishi Houston au Minneapolis na inayotaka jina la nadra ijue kwamba huko halina unadra lilio nao Tabora au Kitui.

Je, kuzaliwa ugenini ni dosari? Kwangu si dosari hata kidogo. Vanessa lilitungwa na mwandishi Jonathan Swift kwa kuunganisha vipande vya jina la rafiki yake, Esther Vanhomrigh, na shairi lililolitangaza lilichapishwa mwaka 1726. Leo Vanessa wamejaa Arusha na Nairobi na hakuna anayewauliza vyeti vya asili. Nevaeh, neno la Kiingereza la mbinguni likisomwa kinyume, lilipewa wasichana 8 tu Marekani mwaka 1999. Mwaka uliofuata mwanamuziki Sonny Sandoval alimtambulisha bintiye mwenye jina hilo kwenye televisheni, na kufikia 2005 lilikuwa jina la 70 kwa wasichana nchini humo. Majina huzaliwa. Zuri lilizaliwa na watu waliotafuta Afrika kwa mapenzi wakiwa wamenyimwa lugha za mababu zao, nami naona heshima kubwa katika hilo. Mwambie mwanao hivyo. Usimwambie kwamba ni jina la kale la mababu wa pwani, kwa kuwa siku moja atakutana na anayejua.

Kuna jambo moja ambalo orodha za intaneti hazilitaji kabisa, na familia za Kiislamu zinapaswa kulipima kabla ya siku ya saba. Kiarabu kina neno "zur", uongo, na hasa ushahidi wa uongo. Limo ndani ya Qurani, katika Sura ya Al-Hajj aya ya 30 na Al-Furqan aya ya 72, mahali pote pawili kama jambo la kuepukwa. Neno hilo liliingia pia katika Kiswahili cha zamani kwa umbo lilelile la zuri, likihusu kiapo cha uongo. Kijana wa leo halijui, kwa kuwa matumizi hayo yamefifia. Lakini babu aliyesoma chuoni, au sheikh atakayealikwa kwenye akika, anaweza kulikumbuka mara tu jina litakapotajwa. Maneno haya mawili hayana undugu wowote. Shina letu la "-zuri" ni la Kibantu, na mtoto anaitwa kwa hilo. Hata hivyo, nakushauri umwendee mzee huyo mapema, umweleze neno unalokusudia, umsikilize. Akiridhika, umepata mtetezi wa jina ndani ya ukoo. Asiporidhika, ni heri kusikia hivyo sebuleni mtoto akiwa na siku tatu kuliko ukumbini mbele ya wageni. Na hapo ndipo Zuwena au Husna hurudi mezani: maana ileile, bila mvutano wowote.

Kwa lugha nyingine mambo ni mepesi. Wabasque wa kaskazini mwa Hispania wana neno zuri, kwao likimaanisha -eupe. Waswisi huuita mji wa Zürich kwa lahaja yao Züri. Katika Kiebrania "tsuri" ni mwamba wangu, na ndilo lililo ndani ya jina Zuriel, mkuu wa jamaa za Merari anayetajwa katika Hesabu sura ya 3. Wazazi Wakristo wengine hulipenda Zuri kwa sababu hiyo, ingawa asili si moja. Hakuna tusi hapo. Mtoto atakayesoma ughaibuni hatachekwa kwa maana.

Lakini si kila jina "la Kiswahili" la mtandaoni litavuka salama hivyo, na kwa wasomaji ambao bado wanapekua orodha nataka kukaa hapa kidogo. Chukua Nala. Tovuti nyingi zinadai kwa uhakika kwamba Nala ni Kiswahili na maana yake ni zawadi. Wewe unayesoma makala haya umekunywa Kiswahili na maziwa ya mama: umewahi kumpelekea mtu nala ya harusi? Zawadi kwetu ni zawadi, tunu, hidaya, hiba. Nala amekuja na filamu ya The Lion King ya mwaka 1994, akiwa jike la simba aliyezungukwa na majina ambayo kweli ni ya Kiswahili, Simba, Rafiki, Sarabi, na watu wakadhani naye ni wa kundi hilo. Filamu hiyohiyo ina fisi aitwaye Shenzi. Hilo nalo ni neno letu halisi, na linaonyesha kwamba uhalisi wa neno pekee hautoshi kulifanya jina. Wahindi wana Nala yao, mfalme wa Mahabharata aliyempenda Damayanti, ila huyo ni mwanamume na habari zake ni nyingine kabisa.

Kamaria ni mfano ninaoujali zaidi, kwa sababu jina hili linavutia mno. Orodha zinasema ni Kiswahili, "kama mwezi". Asili yake ni Kiarabu, qamar, yaani mwezi, na kwa Mwarabu ni jina safi. Likifika Kiswahili linapoteza ile sauti ya kooni na kugongana na kamari, mchezo wa kubahatisha fedha, neno ambalo kila mtu mtaani analijua. Msichana atatumia utoto wake wote kueleza. Jabari nalo ni la kweli, lina maana ya shupavu na asiyeshindika, lakini linatokana na Al-Jabbar, mojawapo ya majina ya Mwenyezi Mungu, ndiyo sababu Waislamu wengi huliwekea "Abdul" mbele. Asha ni mseto wa kufurahisha: kwetu ni Aisha aliyezoeleka, aliye hai, kwa Wahindi ni tumaini. Maana mbili, zote njema. Jina la namna hiyo halina shida hata likipanda ndege.

Ukitaka kulichunguza jina lolote lisilo la kawaida, usianze na orodha. Orodha hunakiliana, na kosa la moja huonekana katika kumi. Anza na lugha inayotajwa: mtafute mtu aliyeizungumza tangu utotoni, mtamkie jina bila kumwambia maana uliyoisoma, kisha muulize anasikia nini. Ukimtajia maana kwanza, adabu itamfanya akubali. Halafu nenda kwenye kamusi ya lugha hiyo. Kwa Kiswahili unayo Kamusi ya Kiswahili Sanifu, iliyotoka mara ya kwanza mwaka 1981. Inapatikana maktaba nyingi, na ndani ya dakika chache utajua kama nala imo au haimo. Kisha litamke mbele ya watu watakaolitumia kila siku, yaani bibi na babu wa pande zote mbili na watoto wa jirani. Watoto ni muhimu zaidi. Wao ndio watakaotunga utani, na wataufichua papo hapo.

Turudi kwa Zuri, maana hapa lina tabia yake ya pekee ambayo Mmarekani hawezi kuiona. Fikiria siku ya kwanza ya chekechea. Mwalimu anamuuliza mtoto jina lake. Mtoto, kwa sauti ya wazi kama alivyofundishwa nyumbani, anajibu, "Jina langu ni Zuri." Mwalimu anatabasamu, "Najua ni zuri, mwanangu. Unaitwa nani?" Mtoto anarudia, na wenzake wanaanza kucheka. Kwa kuwa neno "jina" liko kwenye ngeli ileile ambamo shina linabaki wazi, sentensi hiyo ina maana mbili kamili na masikio hayawezi kuzitenganisha. Dawa yake ni rahisi: mfundishe tangu anaanza kusema kujibu "Naitwa Zuri". Neno moja linaondoa utata wote. Mwandikie mwalimu pia, au mtajie siku ya kumwandikisha, ili naye amwite vizuri mbele ya wenzake.

Utani mwingine hautaepukika. Wapo watakaomwita Mbaya kwa kucheza, na atakapokosea hesabu atasikia "Zuri, si vizuri". Ni utani mdogo, haufikii wanaoupata wenye majina mengine, lakini mzazi auzungumzie nyumbani kabla haujamfika.

Ninalolitilia uzito ni jingine. Orodha zote zimelifunga jina hili kwenye urembo wa sura. Msichana anayeambiwa tangu utotoni kwamba jina lake maana yake ni mrembo anaweza kulibeba kama mtihani, hasa akifika umri wa kujitazama kwenye kioo kwa wasiwasi. Anaweza kuambiwa na mtu mwenye ulimi mchafu kwamba halimfai. Lakini sisi hatulitumii neno hili kwa sura peke yake, hata siku moja. Tunasema kazi nzuri, tabia nzuri, habari nzuri, moyo mzuri, safari njema na nzuri. Mtu mzuri, katika mazungumzo yetu mengi, ni yule anayekusaidia kubeba mzigo bila kuombwa. Kwa Kiingereza wamelazimika kuchagua neno moja, nao wakachagua la sura. Wewe unayo lugha nzima. Mwanao akikuuliza jina lake lina maana gani, mpe upana huo wote, na umpe mapema, akiwa na miaka minne au mitano, kabla dunia haijampa maana yake nyembamba.

Upana huo unafaa pia kwa mvulana. Vivumishi vyetu havina kike wala kiume, na hakuna sarufi inayomzuia mvulana kuitwa Zuri. Mazoea ndiyo yanayolipeleka kwa wasichana, na ukimpa mvulana ujue kwamba maofisini wataandika "Bi" hadi wamwone.

Wengi hunieleza kwamba kikwazo chao kikubwa ni wazee wanaotaka mtoto achukue jina la bibi au babu yake. Huo ni utaratibu wenye mizizi katika jamii nyingi, Wakikuyu wakiwa mfano unaojulikana sana, ambapo mtoto wa kwanza wa kiume huchukua jina la babu mzaa baba. Usiushinde utaratibu huo kwa nguvu. Zuri ni fupi, linakaa vyema mbele ya jina refu: Zuri Wanjiru, Zuri Mwanaisha, Zuri Nyamizi. Bibi anapata somo wake, mtoto anapata jina la nadra, na cheti kinabeba yote mawili. Atakapokuwa mkubwa atachagua lipi litangulie.

Hapo kwenye cheti ndipo nataka uwe mkali. Jina lisilozoeleka ndilo linaloandikwa vibaya zaidi, kwa kuwa karani huandika analolitarajia, na akilini mwake Zuri linaweza kuwa Zuhura, Zuhuri au Suri. Tahajia za mapambo kama Zury, Zurie na Zuree zinaongeza tatizo bila kuongeza maana. Kaa na herufi nne. Ukijifungua hospitali, liandike jina kwa herufi kubwa kwenye kipande cha karatasi na ukabidhi karatasi hiyo badala ya kulitamka tu, maana tangazo la kizazi ndilo msingi wa kila kitu kinachofuata. Tanzania, RITA, wakala wa serikali wa usajili, inataka kizazi kisajiliwe ndani ya siku 90, na kwa watoto wa chini ya miaka mitano upo mpango wa vyeti vya bure kupitia ofisi za kata na vituo vya afya, vinavyojazwa kwa mkono. Mkono wa mtu hukosea: soma kila herufi ukiwa bado dirishani. Kenya, sheria ya usajili wa vizazi na vifo inampa mzazi miaka 2 tangu usajili kuingiza au kubadili jina la mtoto, nafasi ambayo wengi huipoteza kwa kutojua. Baada ya hapo ni viapo, hati ya kubadili jina, na foleni, na mara nyingi kosa hugunduliwa mtoto akiwa darasa la mwisho, majina ya mtihani yanapotakiwa yalingane na cheti.

Kama mtoto ameshazaliwa na bado hamjaafikiana, mwiteni kwa majina mawili mnayoyafikiria, kila moja kwa siku chache, mkimnyonyesha, mkimwogesha, mkimwita kutoka chumba kingine. Mtasikia lipi linatoka mdomoni bila kulifikiria, na hilo ndilo la kupeleka dirishani kabla siku 90 hazijaisha.